Umbo Lipimwe Kabla ya Kupewa Jina

Katika masomo ya hisabati kuna tabia moja iliyoenea ambayo, kwa maoni yangu, yafaa ikomeshwe. Mwanafunzi hupewa nukta nne, huzichora katika karatasi ya miraba, huziunganisha kwa rula, kisha hulitazama umbo alilolipata na kuandika: "Huu ni mstatili." Akiulizwa amejuaje, hujibu kwamba waonekana. Nasema jawabu la namna hiyo lisipewe hata alama moja, ijapokuwa jina lenyewe huenda likawa sahihi.

Na tuchukue mfano. Nukta A iko (2, 1), B iko (10, 2), C iko (9, 9) na D iko (1, 8). Apendaye na azichore kwa mfuatano huo katika karatasi yenye miraba ya sentimita moja moja. Atapata umbo ambalo karibu darasa zima litaliita mstatili. Sasa tulipime. Kutoka A hadi B twaenda hatua 8 kulia na 1 juu, basi mteremko ni 1/8. Kutoka D hadi C ni vivyo hivyo. Kutoka B hadi C twarudi hatua 1 kushoto na kupanda 7, basi mteremko ni −7. Na kutoka A hadi D ni vivyo hivyo. Pande zinazoelekeana zina mteremko mmoja, kwa hiyo ni sambamba, na umbo hili ni msambamba. Mpaka hapo hapana shaka.

Lakini mstatili wataka zaidi ya hayo; wataka pembe mraba. Mistari miwili yenye miteremko hukutana kwa pembe mraba pale tu miteremko hiyo ikizidishwa na kupatikana −1. Hapa 1/8 mara −7 ni −7/8. Haikutimia. Tukipima mistari ya ulalo kwa kanuni ya Pythagoras, AC ni kipeuo cha pili cha 113, na BD ni kipeuo cha pili cha 117. Katika mstatili ingekuwa sawa. Katika karatasi yetu tofauti yake haifiki milimita 2, na kila pembe imeikosa digrii 90 kwa kadiri ya digrii 1 tu. Jicho gani litaliona kosa hilo?

Wazazi watakaosoma haya wasidhani kwamba ni mchezo wa darasani. Nukta hizo zikiwa ni mawe ya mpaka wa shamba, na kila hatua ikiwa mita 10, basi ulalo mmoja utakuwa na mita 106 na kidogo, na mwingine mita 108 na kidogo. Kosa la milimita 2 katika karatasi limekuwa karibu mita 2 za ardhi. Fundi mwema alijua jambo hili kabla yetu: akisha kupiga kamba za msingi, huvuta kamba toka pembe hata pembe, mara mbili, aone kama zalingana. Hategemei macho yake, ijapokuwa yameona nyumba nyingi.

Sasa tuzipandishe nukta C na D hatua moja moja, ziwe (9, 10) na (1, 9). Miteremko sasa ni 1/8 na −8, nayo ikizidishwa yapatikana −1. Kila upande ni kipeuo cha pili cha 65. Umbo limekuwa mraba. Nalo halikupata jina moja tu. Ni msambamba, ni mstatili, na ni rombasi, yaani msambamba wenye pande zote sawa. Euclid, zaidi ya miaka 2,000 iliyopita, aliyatenga majina haya, hata mraba kwake haukuhesabiwa kuwa mstatili. Sisi leo twaupokea, na nadhani twafanya vema, maana lolote lililothibitishwa kwa kila mstatili huwa limekwisha kuthibitishwa kwa mraba pia.

Wako watakaosema kwamba njia hii ina hesabu nyingi na muda wa mtihani ni mfupi. Lakini miteremko minne ni kazi ya dakika chache, nayo mara nyingi yatosha kuonyesha njia. Kinachopoteza muda ni kupima pasipo kujua kinachotafutwa. Mwingine huona mistari ya ulalo imelingana akaandika "mstatili", kumbe hata trapeza yenye miguu sawa ina ulalo uliolingana. Mwingine huona imekatana kwa pembe mraba akaandika "rombasi", kumbe tiara nayo iko hivyo. Haraka haraka haina baraka.

Sisemi kwamba picha itupwe. Picha hutuonyesha nukta ipi yafuata ipi, na hutuonya pale mstari unaposimama wima, ambapo mteremko haupatikani kwa kuwa hatuwezi kugawanya kwa sifuri. Picha na itupe fikira, bali hesabu ndiyo itoe hukumu. Hiyo ndiyo faida tuliyopata tangu 1637, Descartes alipochapisha kitabu chake cha jiometri na kuonyesha jinsi maumbo yawezavyo kujibiwa kwa hesabu.

Kwa hiyo nawaomba walimu wetu wasitoe alama kwa jina tupu, nasi wanafunzi tusinung'unike. Atakayezoea kuuliza "Nimejuaje?" mbele ya nukta nne hatadanganywa upesi atakapoonyeshwa ramani ya kiwanja, au hesabu ya fedha, iliyochorwa ikapendeza macho.