Mjane wa Injili na Mchanga wa Mtoni

Katika Injili ya Luka, sura ya 18, Yesu anatupa mfano wa mjane aliyemwendea hakimu asiyemcha Mungu, akadai haki yake bila kuchoka. Tunauhubiri mfano huo tukihimiza sala, na ndivyo ipasavyo. Lakini tusisahau kwamba mjane yule alikuwa na kesi.

Ukambani, nchini Kenya, akina mama wengi wana kesi kama hiyo. Mito mingi ya huko ni ya msimu. Mvua zikiisha, maji hubaki ndani ya mchanga, nao hufukua visima vifupi na kuteka. Mchanga ndio tangi lao: huyakinga maji na jua, tena huyachuja. Malori yakija usiku na kuukomba hadi mwambani, mvua ifuatayo hupita mbio, kingo hubomoka, visima hukauka, na mama huenda mbali zaidi na mtungi wake.

Kaunti ya Makueni ilitunga sheria ya kuhifadhi mchanga mwaka 2015. Sheria inapokanyagwa, Katiba ya 2010 imetuachia mlango. Kifungu cha 42 kinampa kila mtu haki ya mazingira safi na yenye afya. Kifungu cha 22 kinamruhusu mtu kwenda mahakamani kwa maslahi ya umma, bila ada ya kufungua kesi. Kifungu cha 70 hakimdai mlalamishi athibitishe kwamba kuna aliyepata hasara, na kinaipa mahakama uwezo wa kuzuia uharibifu, kumlazimisha afisa wa umma kuchukua hatua na kuamuru waathiriwa walipwe fidia.

Wapo wanaouliza: je, vijana wanaopakia malori watakula nini? Ni swali la haki. Ndiyo maana kesi isimwandame mwenye beleshi na kumwacha mwenye lori, mnunuzi na afisa aliyefumba macho. Vijana hao nao watahitaji maji kesho.

Nasi tujihoji. Tunapojenga kanisa la kigango, ukumbi au bweni la seminari, nani huuliza mchanga umetoka mto gani, na kwa kibali cha nani? Tukinunua ulioibwa, tutasimamaje mahakamani upande wa mjane?

Tuanze na tunachoweza. Jumuiya Ndogo Ndogo ziandike tarehe, mahali na yaliyoonekana, bila kuwakabili wachimbaji usiku. Ziiandikie kaunti na mamlaka ya mazingira, zihifadhi nakala. Wakinyamaza, Tume ya Haki na Amani ya jimbo na wanasheria waamini wasaidie kufungua kesi. Nasi waseminari tujifunze vifungu hivyo kabla ya kutumwa parokiani.

Tunamwomba Mungu mvua kila mwaka. Basi tuulinde na mchanga utakaoipokea.