Mithrili Si Dawa

Kuna uzushi umeota mizizi miongoni mwetu mashabiki wa Tolkien, na leo sina budi kuusema. Eti mithrili, ile madini ya Moria, ina nuru takatifu ndani yake, na Waelfi wasipoipata watanyauka kama majani. Jamani, hayo yametoka wapi? Kwenye vitabu hayamo. Yametoka kwenye The Rings of Power, tamthilia iliyoanza kuonyeshwa 2022. Humo tunasimuliwa kisa cha Mwelfi na Balrogi, lile zimwi la moto na kivuli, wakipigania mti wenye nuru ya Silmarili. Radi ikapiga, nuru ikashuka mizizini, mithrili ikazaliwa. Elrond mwenyewe anakitilia shaka kisa hicho. Lakini baadaye jani lililooza linawekwa karibu na kipande cha madini, linapona. Shaka imekwisha hapo. Mithrili imekuwa dawa.

Sikasiriki kwa sababu wamebadilisha kitabu. Kila anayeigiza kitabu hubadilisha. Nakasirika kwa sababu wamekibadilisha mahali penye moyo wake.

Turudi kwenye The Lord of the Rings, safari ya gizani ndani ya Moria. Gandalf anaeleza mithrili ni nini, na maelezo yake ni ya fundi, si ya mganga: inafulika kama shaba, inang'arishwa kama kioo, ni nyepesi lakini inaishinda pua kwa ugumu, na weupe wake haufifii. Basi. Haiponyi mtu, haimwongezei mtu umri. Zamani thamani yake ilikuwa mara kumi ya dhahabu. Siku za Frodo haina bei tena, maana karibu yote iliyokuwa juu ya ardhi imekwisha na chini hakuna anayethubutu kuchimba. Kinachoifanya iwe ya ajabu ni kwamba ni nzuri, ni adimu, na kila mtu anaitaka.

Na hiyo "kila mtu anaitaka" ndiyo hadithi yenyewe. Vibete walifuata mkondo wa madini chini, chini zaidi, mpaka mwaka 1980 wa Enzi ya Tatu wakakutana na Balrogi. Mfalme wao Durin wa Sita akauawa. Mwaka uliofuata akauawa mwanawe Náin, na waliobaki wakakimbia mji waliouchonga kwa vizazi na vizazi. Balin akarudi 2989 kuufufua. Miaka mitano baadaye naye akawa maiti. Wahenga walishasema: tamaa mbele, mauti nyuma.

Sasa tazama tamthilia inavyoipindua hiyo. Waelfi wakiwa wanakufa bila mithrili, kuchimba si tamaa tena, ni kuokoa maisha. Mfalme Durin wa Tatu anayesema "msichimbe" anaonekana mzee mkaidi asiye na huruma. Mwenye tamaa amevikwa joho la mgonjwa, na hakuna wa kumlaumu. Hebu niambieni, ni mchimbaji gani duniani aliyewahi kusema anachimba kwa tamaa? Wote husema wanahitaji. Tolkien hakuwapa kisingizio hicho. Tamthilia imewapa, bure.

Najua mtanijibu: "Mbona Nenya, pete ya Galadriel, ilitengenezwa kwa mithrili?" Kweli. Na Waelfi wa Eregion walihamia jirani na Moria baada ya kusikia mithrili imepatikana huko. Sikatai. Lakini walivutwa kama mafundi wanavyovutwa na malighafi bora, hawakuwa wagonjwa wanaotafuta tiba. Na nguvu ya pete ilitoka kwenye mkono na elimu ya Celebrimbor. Ingekuwa nguvu iko kwenye madini, kila kofia ya mithrili ingekuwa pete.

Kuna upande wa pili ambao tamthilia haiwezi hata kuugusa ikishafanya mithrili dawa. Ile deraya ya Frodo. Thorin alimpa Bilbo. Bilbo akaiacha jumba la makumbusho huko Michel Delving ikae na vikorokoro. Baadaye akampa Frodo bila makeke. Ndani ya Moria ndipo Frodo anasikia kwamba amevaa chini ya koti kitu chenye thamani kuliko Shire nzima na vyote vilivyomo. Ilimkinga na mkuki, ikamkinga na mshale mtoni, na mwisho wa safari ikavunja kisu cha Saruman.

Lakini kazi yake kubwa kuliko zote haikuhusu ugumu wake. Kule Cirith Ungol, Frodo akiwa mateka, Maorki wa Shagrat na wa Gorbag waliigombania deraya ile mpaka wakachinjana karibu wote. Sam, peke yake, akaingia kwenye mnara uliojaa maiti na kumtoa bwana wake. Kitu kilekile kilichowaangamiza Vibete walipokifukuzia kikamwokoa mtu aliyepewa tu, tena na mzee aliyempenda.

Hapo ndipo Tolkien alipoiweka mithrili: kati ya mkono unaonyakua na mkono unaotoa. Dawa haiwezi kukaa hapo, kwa sababu hakuna anayemhukumu mgonjwa kwa kuitaka dawa. Wanaoipenda tamthilia waipende, ina picha nzuri na Vibete wake wanachekesha. Ila msituambie kwamba imetufafanulia mithrili. Imeifuta.