Usemi wa Binadamu Haukuzaliwa Majini

Dai lililotangazwa na Alister Hardy mwaka 1960, na kuenezwa na Elaine Morgan kwa vitabu vyake tangu 1972, kwamba mababu wa binadamu waliishi nusu majini, na kwamba kuzuia pumzi wakati wa kupiga mbizi ndiko kulikowaandalia usemi, linabuni kiumbe ambaye visukuku, yaani mabaki ya kale yaliyogeuka mawe, havimshuhudii. Watetezi wake huegemea zoloto, yaani kisanduku cha sauti, ambalo kwa binadamu limeshuka kooni. Lakini mwaka 2001 Tecumseh Fitch na David Reby walionyesha kuwa zoloto la kulungu mwekundu dume limeshuka vilevile, na huyo ni mnyama wa nchi kavu kabisa. Ushahidi mzito zaidi, ambao ni kosa kuupuuza, umo sikioni. Majini sauti husafiri takriban mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani, hivyo huyafikia masikio mawili karibu kwa pamoja, na mpiga mbizi hushindwa kutambua inakotoka. Maisha ya majini yaliyodumu kiasi cha kuliumba upya koo yasingeliacha sikio lilivyokuwa.