Tom Mboya na Ufunguo wa Ofisi ya Chama



Katika mkutano wa tawi uliopita hapa Kisumu lilitolewa azimio kwamba mtu ye yote wa chama atakayeomba kiti cha siasa, kiwe cha bunge la kaunti au cha Nairobi, aondolewe katika uongozi na asirudi tena maisha yake yote. Wengi walipiga makofi. Sababu yake twaijua. Tulikuwa na mwenzetu mmoja, hatumtaji, ambaye tulimchangia shilingi zetu mpaka akapata kiti, na tangu siku alipoapishwa hata simu zetu hapokei. Hasira hiyo ni ya haki kabisa. Lakini sisi tulionyamaza siku ile twataka kusema sasa, na shahidi wetu ni mtu aliyezikwa kisiwani Rusinga, huko mdomoni mwa ghuba yetu.

Vijana wengi wanamjua Tom Mboya kwa jina la barabara na sanamu ya Nairobi tu. Yafaa wajue kwamba alikuwa mtu kama sisi. Alizaliwa mwaka 1930 katika shamba la katani la Mzungu karibu na Thika, ambako baba yake, mtu wa Rusinga, alikuwa akifanya kazi. Alisoma katika shule za misioni, kwanza Kabaa, kisha Yala, kisha Mang'u, na ada iliposhindikana akaacha. Hakupata digrii. Alijifunza kazi ya ukaguzi wa afya pale Jeanes School, Kabete, halafu akaandikwa na baraza la mji wa Nairobi. Huko akaona jambo ambalo kila mfanyakazi wa zamani alilijua: Mzungu na Mwafrika wakifanya kazi moja, mshahara wa Mwafrika ulikuwa sehemu ndogo tu ya ule wa mwenzake. Siku moja mama wa Kizungu aliingia na maziwa ya kupimwa, akamtazama Mboya, kisha akauliza kama kuna mtu humo ndani. Mboya akamwuliza kama macho yake yana kasoro. Kazi ile hakudumu nayo sana.

Akaunda chama cha wafanyakazi wa serikali za mitaa, na mwaka 1953, akiwa na miaka 23, akawa Katibu Mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi wa Kenya. Fikirini ulikuwa wakati gani. Hali ya hatari ilikuwa imetangazwa, vyama vya siasa vya Waafrika vilikuwa vimepigwa marufuku, na katika msako mkubwa wa Nairobi wa mwaka 1954 viongozi wengi wa vyama vya wafanyakazi walikamatwa. Ofisi ya shirikisho ilikuwa karibu mahali pekee ambapo Mwafrika aliweza kusimama na kusema habari za ubomoaji wa nyumba, habari za kipande, habari za watu waliofungwa. Serikali ilikasirika, ikasema chama kinafanya siasa, na mwaka 1956 ilitaka kukifutia kibali. Wenzetu wa vyama vya Uingereza waliingia kati, ndipo kikapona.

Hapa ndipo penye jibu la kwanza kwa wenye azimio. Ati chama kisiguse siasa! Neno hilo halikuanza kwetu, lilianza kwa serikali ya wakoloni. Mshahara wako unakatwa kwa sheria, na sheria inatungwa na mtu aliyekaa katika kiti. Kama sisi hatutaki kukaa hapo, wapo wanaotaka, na hao hawajapata kushika nyundo hata siku moja.

Mwaka 1955 wapakizi wa bandari ya Mombasa waligoma. Mboya akaenda, akawaomba warudi kazini wakati madai yanasikizwa, nao wakamwamini. Mwisho wake walipata nyongeza ya karibu theluthi ya mshahara. Mwaka 1957 akachaguliwa mjumbe wa Nairobi katika Legico, mmoja wa Waafrika wanane wa kwanza kuchaguliwa kwa kura. Jaramogi Oginga Odinga aliingia mwaka huo huo kwa upande wetu wa Nyanza ya Kati. Nani kati ya hao wawili alikuwa sawa baadaye, wazee wa gati bado wanabishana, nasi hatutaki kuwaamulia katika karatasi hii. Mwaka 1959 Mboya alipeleka vijana 81 Marekani kwa ndege kusoma, na mwaka 1960 fedha za jamaa ya Kennedy zikasaidia ndege nyingine. Wangari Maathai alisafiri katika kundi la mwaka ule. Watu walisema anakula fedha za Wamarekani. Ni kweli vyama vya Marekani vilisaidia kujenga Solidarity House, makao ya shirikisho pale Nairobi. Hata hivyo tungependa kumwona kiongozi wa leo anayeombea watoto wa wengine nafasi kabla ya watoto wake.

Sasa tuseme na upande wa pili, maana hatukuja kumpamba marehemu. Tangu 1957 mtu huyu alikuwa mjumbe na Katibu Mkuu wa shirikisho pamoja, na kuanzia 1960 akaongeza ukatibu mkuu wa KANU. Viti vitatu, mtu mmoja. Ye yote aliyekosana naye katika siasa alikosana na shirikisho, akatafuta shirikisho lake. Vyama vikapasuka. Mwaka 1962 akawa Waziri wa Kazi, na Oktoba mwaka ule serikali, waajiri na shirikisho walitia sahihi mkataba wa uhusiano kazini: waajiri wavitambue vyama, na vyama vijadiliane kwanza kabla ya kugoma. Faida ilikuwamo, nasi twaitumia hadi leo tunapoketi mezani. Lakini fikirini tena, waziri aliyetuomba tupunguze migomo ni yule yule aliyekuwa Katibu Mkuu wetu. Mfanyakazi amlilie nani?

Mwaka 1965 mashirikisho mawili yaliyokuwa yakipigana, hata watu wakafa Mombasa, yalifutwa yote, ikaundwa COTU. Mboya alikuwa katika kamati ya mawaziri iliyopendekeza hivyo. Umoja tulikuwa tukiutaka, hilo hatukatai. Tatizo ni kwamba Rais ndiye aliyepewa kuteua Katibu Mkuu kutoka majina matatu yaliyopelekwa kwake. Mtu aliyeingia siasani akiwa mikononi mwa wafanyakazi alisaidia kuwatia wafanyakazi mikononi mwa serikali. Kwa maoni yetu hilo ndilo kosa lake kubwa, na halikutokana na kwenda siasani. Lilitokana na kwenda na ufunguo wa ofisi mfukoni, wala hakukuwa na mtu wa kumdai.

Tarehe 5 Julai 1969, Jumamosi mchana, alipigwa risasi akitoka duka la dawa katika Government Road, ambayo leo ni Moi Avenue. Hakuwa ametimiza miaka 39. Mwili uliletwa kwa gari ukapita hapa Kisumu kwenda Rusinga, na watu walijaa njiani.

Basi Jumamosi ya mkutano sisi tutasimama kulipinga azimio lile, na tutaleta letu. Mwanachama anayetaka kiti cha siasa aende, na tumpigie kura. Ila siku anapochukua fomu akabidhi kwa mweka hazina ufunguo, muhuri na daftari la michango mbele ya wanachama. Fedha ya chama isimfuate hata senti moja; anayetaka kumchangia atoe mfukoni mwake. Akishinda, aje mbele ya tawi kila miezi mitatu akatusomee alichokipigia kura, na akishindwa apewe nafasi yake ya uanachama kama mwingine. Asiyekuja mara mbili, jina lake libandikwe ubaoni pale karakana. Wa kutuunga mkono ajiandikishe kwa katibu kabla ya Ijumaa, maana twahitaji sahihi ishirini.