Mabega Ni Yetu, Kirangozi Awe Wetu

Kila tatizo la halmashauri zetu hapa Tabora lina dawa moja: semina. Zahanati haina dawa? Semina ya utawala bora. Mapato ya kijiji hayaeleweki? Iundwe kamati. Akija mkubwa, anamfokea mtendaji mbele ya kamera, watu wanapiga makofi, magari yanaondoka na vumbi lake. Jumatatu mambo ni yaleyale. Mimi nasema ugonjwa haupo kwenye elimu ya mtendaji. Upo kwenye swali ambalo semina hailigusi: nani anaweza kumtoa?

Makamanda, sisi watu wa Unyanyembe hatuna haja ya kwenda Ulaya kujifunza jinsi taasisi inavyokwenda. Karne ya 19 misafara ilitoka hapa kwenda Bagamoyo, na upande wa pili Ujiji. Mamia ya wapagazi, kila mmoja na mzigo wa kilo 30 hivi, hadi pwani ni kama miezi mitatu. Hakukuwa na simu wala maelekezo kutoka juu, na mizigo ilifika.

Mbele alitembea kirangozi. Katika misafara ya Wanyamwezi wenyewe, mara nyingi alikuwa chaguo la wapagazi: mtu anayejua njia na maji yalipo. Naye alibeba mzigo, japo mwepesi kidogo. Na posho ikileta mgogoro, mizigo ilitua chini, safari ikasimama hadi waelewane. Tajiri alikasirika, ndiyo, lakini alijua bila mabega yale pembe zake hazifiki pwani.

Sipambi historia. Njia hiyohiyo ilipitisha watumwa, ambao hawakuchagua kirangozi wala hawakuwa na posho ya kudai. Barabara ileile, jua lilelile. Kilichomtenganisha mpagazi na mtumwa ni uwezo wa kutua mzigo.

Sasa mwanakijiji wa Uyui, Sikonge au Urambo leo ni yupi kati ya hao? Kwenye karatasi yeye ndiye bosi. Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya) ya 1982 inaufanya mkutano mkuu wa kijiji, yaani wakazi wote wenye miaka 18 na kuendelea, kuwa chombo cha juu kijijini, na unatakiwa kukaa walau kila miezi mitatu. Ibara ya 146 ya Katiba inasema serikali za mitaa zipo ili kupeleka madaraka kwa wananchi.

Lakini mtendaji ni mwajiriwa wa halmashauri. Mkurugenzi wa halmashauri anateuliwa na Rais. DC na RC vilevile. Wote wanatazama kule mkate unakotoka. Abaki mwenyekiti wa kuchaguliwa? Novemba 2024 wagombea wengi wa upinzani walienguliwa, kisha CCM ikatangaziwa zaidi ya asilimia 98 ya viti. Mtu umemnyima chaguo, halafu unamwalika kwenye semina ya uwajibikaji! Jamani.

Wapo watakaosema bila amri ya juu kazi zitalala. Mbona amri zipo miaka yote na kazi zimelala? Anayelipwa na juu atapeleka juu taarifa tamu. Shida ya kisima anaijua anayechota maji, na yeye ndiye hana sauti.

Kwa hiyo tuanze na kilicho mikononi mwetu. Nenda ofisi ya kijiji, uliza mkutano mkuu wa mwisho ulikaa lini, omba muhtasari. Ikiwa miezi mitatu imepita, andikeni barua kwa mwenyekiti, wakazi wasaini kwa majina. Siku ya mkutano mapato na matumizi yasomwe kwanza, hotuba baadaye. Na matawi yetu yafanye hivyohivyo, kwa sababu hatuwezi kudai kijijini tusichokifanya chamani.

Hakuna mzigo wa nchi hii usiobebwa na mabega ya wananchi. Wanaobeba ndio wachague wa kutangulia, na wakiona anawapoteza njia, watue.