RAIA NA SERIKALI YAKE: Mwanasheria Katika Mabunge Mawili

Wewe unayekaa Bunju, Kinondoni, au Chamazi, Temeke, huenda umewahi kupiga kura. Ulimchagua diwani, mbunge na Rais. Je, umewahi kumpigia kura mbunge wa Afrika Mashariki? Hujawahi. Hata sisi hatujawahi. Mbunge huyo huchaguliwa kwa njia nyingine. Tuione njia hiyo kwa kutazama kazi za mtu mmoja, Dokta Harrison Mwakyembe.

Dokta huyu si wa dawa. Ni wa sheria. Alikuwa mwalimu wa sheria katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kule Mlimani. Mwaka 2001 aliingia Bunge la Afrika Mashariki. Bunge hilo lilianza mwaka huo, na makao yake yako Arusha. Waliomchagua ni wabunge wa Bunge la Tanzania. Kila nchi hupeleka wabunge 9 wa kuchaguliwa, kwa miaka 5. Wakati ule nchi zilikuwa 3: Tanzania, Kenya na Uganda. Sasa ni 8. Sheria ya forodha ya mwaka 2004, inayohusu bidhaa zinazovuka mipaka, ilitungwa na Bunge hilo.

Mwaka 2005 Mwakyembe aligombea ubunge wa Kyela, mkoani Mbeya, akashinda. Mtu mmoja haruhusiwi kukaa katika mabunge yote mawili. Basi aliacha kiti cha Arusha, akaenda Dodoma.

Huko alipewa kazi nzito. Mwaka 2006 mvua zilikuwa haba. Mabwawa yalipungua maji na umeme ukawa wa mgao. Kampuni ya Richmond ilipewa mkataba wa kuleta umeme wa dharura, lakini umeme haukuja kwa wakati. Mwaka 2007 Bunge liliunda Kamati Teule ya watu 5. Mwakyembe alikuwa mwenyekiti. Kamati ilichunguza mkataba na kuwahoji watu. Februari 2008 alisoma taarifa Bungeni: kampuni haikuwa na uwezo wa kazi ile. Waziri Mkuu, Edward Lowassa, alijiuzulu. Lakini alilalamika kwamba Kamati haikumwita ili imsikilize.

Baadaye Mwakyembe akawa Waziri wa Uchukuzi. Oktoba 2012 treni za abiria zilianza kazi mjini Dar es Salaam. Moja ilikwenda Ubungo. Nyingine ilipita reli ya TAZARA. Watu wakaiita "treni ya Mwakyembe". Mwaka 2015 akawa Waziri wa Ushirikiano wa Afrika Mashariki. Ubunge wake ulikoma mwaka 2020.

Ndugu msomaji, mkataba wa nchi ni maandishi, kama hati ya kuuziana kiwanja huko Mbagala. Usiposomwa vizuri kabla ya kutiwa sahihi, hasara huja baadaye. Zamani ulitia dole gumba kwa kumwamini mwingine. Sasa unajua kusoma. Soma kwanza, uliza, ndipo utie sahihi.

Maswali ya kuzungumza kikundini:
1. Nani humchagua mbunge wa Afrika Mashariki?
2. Je, ni vema wananchi wampigie kura wenyewe? Kwa nini?
3. Mtu akilaumiwa katika mkutano wa mtaa, kwa nini asikilizwe kabla ya uamuzi?