Miaka miwili kazini na bado unaitwa kibarua?

Skizeni, hii maneno ya "wewe ni kibarua tu" imenichosha kabisa.

Mtu ako kwa supamaketi miaka miwili. Ana sare, ana shifti, jina lake liko kwa ratiba ukutani, mshahara unaingia M-Pesa kila mwisho wa mwezi. Akiomba likizo, anaambiwa vibarua hawana likizo. Akiugua siku tatu, anakatwa siku tatu. Bosi akiamka vibaya, anapigiwa simu asirudi kesho. Halafu sisi tunasema, "Ndiyo hivyo, Kenya ni ngumu."

Zii. Huo si ugumu wa maisha. Huyo ni mtu anakula jasho lako, na sheria inamkataza.

Sheria ya Ajira ya 2007 inasema kibarua ni mtu anayelipwa mwisho wa siku, na haajiriwi zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Soma tena pole pole. Kama unalipwa kwa mwezi, hilo jina si lako. Na hata kama ulianza kama kibarua wa kweli, kifungu cha 37 kinasema ukifanya kazi mfululizo hadi siku zifike mwezi mmoja, au kazi yenyewe si ya kuisha ndani ya miezi mitatu, unahesabiwa mwajiriwa wa mwezi. Ukiendelea hadi miezi miwili, unapata haki zako kana kwamba hukuwahi kuwa kibarua: notisi, siku za kuugua, na ukimaliza mwaka, likizo ya siku 21 yenye malipo.

Mabosi wanajua hii vizuri sana. Ndiyo maana kuna ule mchezo wa kukupumzisha siku mbili kila mwisho wa mwezi, halafu unarudishwa kama mgeni. Sasa niwaulize, kupanga unga kwa rafu ni kazi inaisha lini? Wakenya wataacha kula ugali Desemba?

Najua jibu lao: biashara ni ngumu, ushuru umepanda. Sawa. Lakini kama biashara yako inasimama kwa sababu mtu wa mshahara mdogo kabisa haruhusiwi kuugua, basi yeye ndiye anakufadhili. Mheshimu, wacha kumtishia.

Na wewe unayesema "nikiongea nafutwa, nje ya geti kuna mia wanangoja", nakuelewa. Sitakudanganya eti kesho umfokee bosi. Landlord halipwi kwa vifungu vya sheria. Lakini anza kuweka ushahidi kimya kimya. Usifute jumbe za M-Pesa. Piga picha ratiba yenye jina lako. Hifadhi maagizo ya supavaiza kwa WhatsApp. Kukosa karatasi si mwisho wako, kwa sababu kuandika mkataba ni jukumu la mwajiri. Akifika kortini bila huo mkataba, yeye ndiye wa kuthibitisha mlikubaliana nini.

Kitu kingine: kupeleka malalamiko ya haki si sababu halali ya kukufuta. Ukifutwa hivyo, korti inaweza kuagiza ulipwe fidia ya hadi mishahara ya miezi 12. Ukifutwa, wahi ofisi ya leba ndani ya miezi mitatu. Kesi ya korti ina miaka mitatu. Usilale.

Lakini dawa kubwa ni kuacha kudai mmoja mmoja. Katiba, kifungu cha 41, inampa kila mfanyakazi haki ya kujiunga na chama cha wafanyakazi. Mmoja akiuliza likizo, anaitwa mkaidi. Arobaini wakiuliza siku moja, bosi anaitisha mkutano.

Kwa hivyo mtumie hii beshte yako aliye kwa kaunta, kwa godauni, kwa hoteli. Halafu muulize swali moja tu: unalipwa jioni, ama mwisho wa mwezi?